Mdaiwa Hakufika Mahakamani: Mwongozo Kamili wa Kupata Hukumu ya Upande Mmoja Katika Kesi ya Deni Tanzania

Umefungua kesi ya deni. Wito umepelekwa. Siku imefika, umekaa kwenye benchi tangu asubuhi, karani ameita jina la mdaiwa mara tatu na hakuna aliyeitika. Unatoka nje ukiwa na furaha moyoni: nimeshinda.

Bado hujashinda. Wadai wengi wenye madai ya kweli kabisa hupotelea hapa. Wanapata amri ya kusikilizwa upande mmoja, yaani mahakama kuendelea na mdai peke yake bila mdaiwa, kisha wanashindwa kuthibitisha deni. Au wanapata hukumu, halafu mdaiwa anaibuka na kuitengua kwa sababu wito haukumfikia. Wengine wanabaki na karatasi ya hukumu kabatini miaka nenda miaka rudi bila kulipwa hata senti.

Neno moja nataka ulishike tangu sasa: mdaiwa asipofika, kazi yako ya kuthibitisha haipungui. Kinachopungua ni mtu wa kukupinga. Hakimu atauliza maswali mawili, na hukumu nzima inasimama juu ya majibu yake. Je, mdaiwa alijua kuhusu kesi hii? Je, deni limethibitishwa?

Mwongozo huu unahusu Mahakama ya Wilaya na Mahakama ya Hakimu Mkazi, zinazofuata Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33. Mahakama ya Mwanzo ina kanuni zake fupi zaidi, na Kitengo cha Biashara cha Mahakama Kuu nacho kina zake. Maswali yale mawili, hata hivyo, utayakuta kote.

## Vitu vya kuwa navyo kabla ya kuanza

Weka vyote kwenye faili moja. Usitegemee kwamba utavitafuta siku ya ushahidi.

- Mkataba halisi wa mkopo au mauzo, wenye saini. Nakala iwe ya ziada.
- Uthibitisho kwamba fedha au bidhaa zilimfikia: stakabadhi, taarifa ya benki yenye muhuri, hati ya kupokea mzigo, taarifa ya miamala ya simu kutoka kwa kampuni ya simu.
- Hesabu ya deni kwenye karatasi moja: alichokopa, alicholipa na tarehe zake, kilichobaki.
- Barua ya kumdai, na ushahidi kwamba aliipokea.
- Anwani kamili ya mdaiwa: mtaa, kata, namba ya nyumba kama ipo, mahali anapofanyia kazi, jina la mwenyekiti wa mtaa au mtendaji anayemfahamu. Kama mdaiwa ni kampuni, pata taarifa zake kutoka BRELA, wakala wa serikali unaosajili kampuni, zinazoonyesha ofisi iliyosajiliwa na majina ya wakurugenzi.
- Shahidi mmoja au wawili walioona kwa macho yao.
- Daftari dogo la kuandika tarehe zote za kesi.

Kuhusu mkataba kuna jambo linalowaumiza watu wengi: ushuru wa stempu. Chini ya Sheria ya Ushuru wa Stempu, hati inayopaswa kulipiwa ushuru huo na haijalipiwa inaweza kukataliwa kupokelewa kama ushahidi. Dawa ipo, kwa kuwa unaweza kuulipa baadaye pamoja na faini yake. Ila ulipe kabla hujapanda kizimbani. Ukisubiri mpaka hakimu aushike mkataba na kuuliza, umeshapoteza tarehe.

Katika maelezo yote yanayofuata nitatumia mfano mmoja wa kubuni. Ulimkopesha mtu shilingi 45,000,000 kwa mkataba wa maandishi. Amerudisha 7,000,000. Zimebaki 38,000,000, na muda wa kulipa umepita.

## Hatua ya 1: Hakikisha muda na mahakama ni sahihi

Shauri linalotokana na mkataba lina ukomo wa miaka 6, ikihesabiwa tangu siku haki ya kudai ilipozaliwa. Kwa kawaida hiyo ni siku mdaiwa aliyotakiwa kulipa akashindwa. Kama katikati alikiri deni kwa maandishi yenye saini yake, au alilipa sehemu, hesabu inaweza kuanza upya. Ndiyo maana ile stakabadhi ya malipo madogo ya mwisho ni mali: usiitupe.

Mdaiwa kutokuwepo hakukuokoi na ukomo wa muda. Hakimu anatakiwa kuuona mwenyewe hata kama hakuna wa kuuzungumza.

Kuhusu mahakama, unafungua katika ngazi ya chini kabisa yenye mamlaka. Mahakama ya Mwanzo inapokea deni lisilozidi shilingi milioni 30. Mahakama ya Wilaya inakwenda hadi milioni 200 kwa madai ya fedha, lakini shauri likiwa la kibiashara kikomo kinashuka hadi milioni 70. Deni la mfano wetu, milioni 38, linakwenda Wilaya. Mahali ni pale mdaiwa anapoishi au kufanya kazi, au pale mkataba ulipofanyika au kuvunjwa.

## Hatua ya 2: Andika hati ya madai ukijua huenda mdaiwa hatakuja

Tangu mwaka 2021 Kiswahili ndiyo lugha ya mahakama, kwa hiyo kisingizio cha lugha hakipo tena. Andika kwa aya fupi zenye namba: nani alimkopesha nani, lini, kiasi gani, kwa masharti gani, alilipa nini, kimebaki nini. Kisha omba unachotaka.

Sehemu ya maombi ndiyo inayohitaji akili nyingi. Mahakama haitakupa usichoomba. Ukisahau riba, hakimu hatakukumbusha, na siku ya ushahidi huwezi kuichomeka kwa mdomo. Andika wazi:

1. Shilingi 38,000,000, deni la msingi.
2. Riba ya mkataba kuanzia tarehe fulani hadi siku ya hukumu, kama mkataba unaitaja. Kama hautaji, usijitungie.
3. Riba ya kisheria juu ya kiasi cha hukumu, kuanzia siku ya hukumu hadi malipo ya mwisho.
4. Gharama za kesi.

Riba ya tatu ni ya asilimia 7 kwa mwaka, isipokuwa pande mbili zimekubaliana kwa maandishi kiwango kingine, ambacho nacho hakiruhusiwi kuvuka asilimia 12. Kwa 38,000,000 hiyo ni shilingi 2,660,000 kila mwaka ambao mdaiwa anachelewesha. Si fedha ya kuacha kwa kusahau mstari mmoja.

Kama unadai hasara mahususi, mfano gharama za usafiri wa kufuatilia deni, zitaje kila moja na kiasi chake. Hasara ya namna hiyo inatakiwa kutajwa waziwazi kwenye madai na kuthibitishwa kwa uhakika. "Usumbufu na gharama mbalimbali" haitakupa kitu chini ya kichwa hicho.

Ambatanisha nakala za nyaraka zote. Saini, weka uthibitisho mwishoni (tamko kwamba uliyoyaandika ni ya kweli), lipa ada, wasilisha. Umefanikiwa hatua hii ukiwa na namba ya shauri, stakabadhi ya ada na wito uliotolewa kwa jina la mdaiwa.

## Hatua ya 3: Peleka wito, na ushike ushahidi wa kuupeleka

Hapa nitakaa muda mrefu, kwa sababu hapa ndipo hukumu nyingi za upande mmoja zinapofia, hata zile zilizoshatolewa.

Mdaiwa anayekuja kutengua hukumu huwa na sentensi moja: "Sikuwahi kupata wito." Ikiwa ulichonacho ni neno lako tu kwamba alipata, uko hatarini. Ukiwa na saini yake, au kiapo cha mpeleka wito kinachoeleza siku, saa, mahali na mashahidi, sentensi yake inakosa nguvu.

Njia ya kwanza na bora ni kumkabidhi mwenyewe mkononi. Anapokea nakala, anasaini nakala nyingine inayorudi mahakamani. Kazi hii inafanywa na mpeleka wito wa mahakama au mtu aliyeruhusiwa na mahakama. Usiende mwenyewe peke yako. Na ukiupiga picha wito na kumtumia mdaiwa kwa simu, usidhani umemaliza.

Unaweza na unapaswa kumsaidia mpeleka wito. Mwonyeshe nyumba. Mpe namba ya simu ya mwenyekiti wa mtaa. Mwambie mdaiwa huwa nyumbani saa ngapi. Wito mwingi hurudi na maneno "mdaiwa hakupatikana" kwa sababu aliyetumwa alifika saa nne asubuhi kwa mtu anayetoka kazini saa kumi na mbili.

Asipokuwepo baada ya kutafutwa kwa bidii, wito unaweza kuachiwa wakala wake mwenye mamlaka ya kumpokelea, au mtu mzima wa familia anayeishi naye. Mtumishi wa nyumbani hahesabiwi kuwa mwanafamilia. Ukiona kiapo kinasema "nilimwachia dada wa kazi", rudi ukarekebishe.

Akikataa kusaini, mpeleka wito anabandika nakala kwenye mlango au sehemu inayoonekana ya nyumba anayoishi, kisha anaapa kiapo kinachoeleza yote hayo, pamoja na jina la aliyemwonyesha nyumba na walioshuhudia. Neno "alikataa" peke yake halitoshi. Kiapo kieleze alikataaje, mbele ya nani. Ukiweza kumpata mjumbe au mtendaji wa mtaa akashuhudia na kugonga muhuri, umejenga ukuta.

Kampuni haipokei wito kupitia mlinzi wa getini. Wito apewe katibu wa kampuni, mkurugenzi au ofisa wake mkuu, au uachwe kwenye ofisi iliyosajiliwa. Zile taarifa za BRELA zinafanya kazi hapa.

Vipi kama mdaiwa amejificha? Unaiomba mahakama iruhusu upelekaji mbadala: kubandika wito mahakamani na kwenye makazi yake ya mwisho yanayojulikana, au kutangaza gazetini. Eleza kwa kiapo juhudi zote ulizofanya kabla. Mahakama hairuhusu gazeti kwa sababu umechoka kutafuta, inaruhusu kwa sababu umeonyesha umetafuta. Baada ya tangazo kutoka, hifadhi gazeti zima lenye tarehe, usikate kipande tu.

Onyo moja zito. Wapo wanaoshawishika "kumalizana" na mpeleka wito ili aandike kwamba mdaiwa amepokea ilhali hajapokea. Hukumu iliyojengwa juu ya kiapo cha uongo inaanguka siku mdaiwa atakapojitokeza, na walioapa wanaweza kushtakiwa kwa jinai. Deni lako la haki halihitaji uongo.

Umefanikiwa ikiwa ndani ya jalada la mahakama kuna nakala ya wito yenye saini ya mdaiwa, au kiapo cha upelekaji kinachojieleza. Nenda masijala uombe kuliona jalada. Usikubali kuambiwa "ipo".

## Hatua ya 4: Hesabu siku, kisha omba kusikilizwa upande mmoja

Mdaiwa aliyepewa wito wa kuleta utetezi wa maandishi ana siku 21 tangu alipopokea. Zikipita, bado ana siku 7 za kuomba aongezewe muda kwa kuonyesha sababu ya msingi, na mahakama inaweza kumpa siku 10 zaidi. Andika tarehe hizi kwenye daftari lako. Hesabu kuanzia siku ya kupokea wito, si siku uliyofungua kesi.

Siku ya kutajwa shauri, simama ueleze: mdaiwa alipelekewa wito tarehe fulani, uthibitisho uko kwenye jalada, muda umepita, hajaleta utetezi, naomba kuendelea upande mmoja. Ombi hili linatolewa kwa mdomo, na Amri ya VIII (moja ya sehemu za kanuni) ya Sura ya 33 inalitambua. Mahakama ikiridhika na upelekaji wa wito, inapanga tarehe ya wewe kuleta ushahidi.

Kuna hali mbili zinazofanana kwa sura ila si sawa. Kwanza, mdaiwa hakuleta utetezi kabisa: ndiyo niliyoeleza. Anaweza hata kuwa amekaa mahakamani siku hiyo, lakini bila utetezi wa maandishi kesi inaweza kuendelea bila upande wake. Pili, alileta utetezi, kisha siku ya kusikilizwa hakuonekana. Hapo inatumika Amri ya IX, na hakimu ataangalia kama alijua tarehe ile. Kwa kuwa utetezi wake umo kwenye jalada, jiandae kujibu hoja zake katika ushahidi wako hata kama yeye hayupo kuzisema. Alidai amelipa milioni 20? Leta taarifa ya benki inayoonyesha hakuna kilichoingia.

Na wewe je? Usikose hata tarehe moja. Mdai asipofika na mdaiwa akafika, shauri lako linaweza kufutwa, na utakuwa wewe wa kuomba lirudishwe. Ukiugua, tuma mtu na barua ya hospitali asubuhi ileile.

## Hatua ya 5: Thibitisha deni kana kwamba mdaiwa amekaa mbele yako

Watu huingia chumba cha mahakama siku hii wakidhani ni ya kugonga muhuri. Wanasema "nilimkopesha, hajanilipa", wanashuka. Hakimu anabaki na madai yasiyo na ushahidi, na sheria ya ushahidi inasema anayedai ndiye anayethibitisha. Kiwango ni cha uwezekano mkubwa zaidi. Hakiko juu kama cha jinai, lakini kipo.

Makosa matatu hujirudia.

La kwanza ni kudhani kwamba nyaraka ulizoambatanisha kwenye hati ya madai tayari ni ushahidi. Si ushahidi. Ni viambatanisho tu mpaka uzitoe ukiwa umeapa, hakimu azipokee, azipe namba ya kielelezo na zisomwe mahakamani. Sema hivi: "Mheshimiwa, huu ndio mkataba niliosaini naye, naitambua saini yangu na yake alisaini mbele yangu. Naomba upokelewe kuwa kielelezo." Ukishapokelewa, usome sehemu muhimu kwa sauti. Usishuke kizimbani kabla hujahesabu: nilikuja na hati nne, zimepokelewa nne?

La pili ni kuja na nakala. Mahakama inataka hati halisi. Kama imepotea au iko kwa mdaiwa, lazima ueleze na ufuate utaratibu: taarifa ya polisi ya upotevu, au notisi ya kumtaka mdaiwa ailete.

La tatu ni ujumbe wa simu. Mazungumzo ya WhatsApp na jumbe za M-Pesa zinaweza kupokelewa chini ya Sheria ya Miamala ya Kielektroniki ya 2015. Hakimu anapima mambo ya msingi: ujumbe ulitengenezwa na kutunzwaje, umebaki bila kuchezewa, aliyeutuma ametambuliwa vipi. Kwa hiyo usilete picha ya skrini iliyochapishwa ikiwa peke yake. Eleza kwa kiapo simu ni ya nani, ilitunzwaje, nani alichapisha na kwa kifaa gani, na kwa nini una uhakika namba ile ni ya mdaiwa. Njoo na simu yenyewe. Pale inapowezekana, taarifa ya miamala yenye muhuri kutoka kwa kampuni ya simu ina uzito kuliko picha ishirini.

Panga ushahidi wako kwa mtiririko huu: tulikubaliana, nilitoa, alipokea, alilipa kiasi hiki, muda ukapita, nilimkumbusha, kimebaki hiki. Kila kituo kiwe na hati au shahidi. Malipo ya milioni 7 usiyafiche. Kuyataja kunaonyesha wewe ni mkweli, na kuyaficha ni kumpa mdaiwa sababu nzuri ya kurudi.

Hakimu anaweza kukuuliza maswali. Jibu kwa kifupi, na usilolijua sema hulijui.

Baadhi ya mahakama zitataka ushahidi kwa maelezo ya maandishi badala ya mdomo. Uliza mapema ni upi, ili usije mikono mitupu.

Umefanikiwa siku hii ukitoka na vielelezo vyote vyenye namba, mashahidi wote wamesikilizwa, na tarehe ya hukumu imetajwa.

## Hatua ya 6: Mjulishe mdaiwa siku ya hukumu

Wengi hawajui hatua hii ipo, na ikirukwa hukumu inabaki na ufa.

Mtu asiyejitokeza amepoteza nafasi ya kushiriki kusikilizwa. Hajapoteza haki ya kujua matokeo. Mahakama ya Rufani ililiweka wazi hili katika kesi ya Cosmas Construction dhidi ya Arrow Garments, iliyochapishwa katika ripoti za sheria za mwaka 1992: aliyesikilizwa upande mmoja anatakiwa kuambiwa hukumu itasomwa lini, ili akitaka afike, na akitaka achukue hatua zake.

Kwa hiyo, tarehe ya hukumu ikishapangwa, omba mahakama itoe notisi kwa mdaiwa, na ipelekwe kwa uangalifu uleule wa hatua ya 3. Uthibitisho uingie kwenye jalada kabla ya siku ya hukumu. Hakimu akisahau, mkumbushe kwa heshima. Anayeumia notisi isipotolewa ni wewe.

## Hatua ya 7: Chukua hukumu na tuzo, usome kila mstari

Hukumu ni maelezo na sababu. Tuzo ni karatasi fupi inayosema nani amlipe nani kiasi gani. Kinachokazwa, yaani kinachotekelezwa kwa nguvu ya mahakama, ni tuzo. Omba nakala zilizothibitishwa za zote mbili siku hiyohiyo, kwa maandishi.

Linganisha tuzo na hukumu. Majina yameandikwa sawa? Tarakimu zinalingana na maneno? Riba imetajwa inaanza lini? Sifuri moja ikikosekana leo, dalali wa mahakama anayekamata mali hataweza kuiongeza kesho. Kosa la uandishi linasahihishwa kwa ombi dogo mahakamani, na ni rahisi zaidi likifanyika mapema.

Gharama za kesi hazijihesabu zenyewe. Kama umepewa gharama, una siku 60 za kuwasilisha orodha yake ikatathminiwe. Stakabadhi zako zote zinakwenda huko.

## Hatua ya 8: Jiandae mdaiwa akija kuomba itenguliwe

Mdaiwa ana siku 30 kuomba hukumu ya upande mmoja itenguliwe. Zikipita, lazima kwanza aombe kuongezewa muda na aeleze kila siku aliyochelewa. Anatakiwa kuonyesha moja kati ya mawili: wito haukumfikia ipasavyo, au alizuiwa na sababu ya kutosha asifike siku ile.

Mahakama haiwezi kutengua bila wewe kupewa taarifa. Ukiletewa ombi, jibu kwa kiapo kinzani ndani ya muda uliopewa. Usimwage hasira humo. Weka nakala ya wito yenye saini, kiapo cha mpeleka wito, notisi ya hukumu. Kama anasema alilazwa, angalia tarehe za hati zake za hospitali dhidi ya siku 21 zile.

Wakati mwingine sababu yake ni ya kweli. Mtu alikuwa safarini kwa matibabu, wito aliachiwa ndugu ambaye hakumwambia. Hapo ushauri wangu ni huu: usipigane vita ya mwaka mzima kulinda hukumu dhaifu. Omba mahakama ikitengua, itengue kwa masharti, kwamba akulipe gharama ulizotumia au aweke kiasi fulani mahakamani. Sheria inaruhusu masharti hayo. Ukiwa na ushahidi mzuri wa deni, utashinda tena akiwepo, na hukumu ya pili itakuwa ngumu kuitikisa.

## Hatua ya 9: Kaza hukumu

Mahakama haikukusanyii fedha bila kuombwa. Unawasilisha maombi ya kukaza hukumu yanayotaja namba ya shauri, majina, tarehe ya tuzo, kama kuna rufaa, kiasi kilicholipwa baada ya tuzo, kinachodaiwa pamoja na riba, na njia unayotaka mahakama itumie.

Ukichelewa zaidi ya mwaka mmoja tangu tuzo, mdaiwa lazima kwanza aitwe aeleze kwa nini isikazwe. Mwisho kabisa ni miaka 12. Usingoje. Mali huhama haraka kuliko mwendo wa mahakama.

Chagua njia kulingana na alichonacho mdaiwa:

Fedha zilizoko kwa mtu mwingine. Akaunti ya benki, au mteja ambaye mdaiwa wako anamdai. Ndiyo njia safi zaidi, kama unajua benki na tawi. Tazama mkataba au hundi zake za zamani.

Kukamata na kuuza mali. Kazi ya dalali wa mahakama. Orodhesha mali kwa usahihi: namba ya gari, namba ya kiwanja. Hakikisha ni yake, maana mali ya mke, ndugu au mwajiri ikikamatwa mwenyewe atapinga na utalipa gharama. Sheria inakinga baadhi ya vitu: nguo na vyombo vya kupikia vya lazima, zana za kazi za fundi, na nyumba ambayo mdaiwa anaishi na familia yake. Nyumba iliyowekwa rehani ni habari nyingine, ina njia yake.

Kifungo cha madai. Kipo, lakini kinamhusu mwenye uwezo anayekataa kulipa, si maskini asiye na kitu. Anayeomba ndiye anayelipia posho ya mfungwa gerezani. Sikushauri uanze hapa.

Kama hujui ana nini, omba kwanza aitwe mahakamani ahojiwe kwa kiapo kuhusu mali zake. Ni hatua inayosahauliwa, na mara nyingi mtu aliyekimbia kesi nzima hujitokeza akisikia ataapishwa juu ya akaunti zake.

Akikutafuta mlipane kwa awamu, kubali kwa maandishi na mpeleke makubaliano hayo mahakamani yaandikwe kwenye jalada. Kila anacholipa nje ya mahakama, mpe stakabadhi na uitaarifu mahakama, maana malipo yasiyoandikishwa huzua kesi mpya juu ya ile ya zamani. Awamu ya mwisho ikiingia, andika barua kwamba tuzo imetimizwa yote, uipeleke masijala, na uombe nakala yenye muhuri: moja yako, moja ya aliyekuwa mdaiwa wako.